Bahari Niliyoifunika kwa Rangi

Picha zangu hazina samaki wala minazi. Huwa najaribu kuchora mwanga wa asubuhi unavyotua juu ya maji ya bahari, basi, na kwa hilo nimesemwa vya kutosha na watu waliokuja kutafuta picha ya kulingana na makochi yao.

Baba yangu hakunisema. Alinyamaza tu, nami nikaona heri angenisema. Alikuwa amestaafu kazi ya serikali, bahari aliiona mara moja tu alipopelekwa semina Mombasa, na mama alipofariki alihamia kwangu, nyuma ya maduka ya Adams Arcade. Gereji ya nyumba ndiyo chumba changu cha kazi. Kila asubuhi, jua likishaingia mlangoni, alibeba kiti na kikombe chake cha chai, akaketi mbele ya picha moja niliyokuwa nimeimaliza, ya kijivu na njano iliyopauka. Alikaa hapo mpaka jua lihame. Nilidhani anaota jua. Wageni wakimuuliza ninafanya kazi gani, alijibu, "Anapaka rangi," nami niliumia kimyakimya.

Kisha akalazwa hospitalini, Upper Hill, na daktari akanieleza kuwa siku zake si nyingi. Nilitaka jambo moja tu: kabla hajaenda, aipende picha yangu hata moja. Nikaamua kumchorea bahari inayojulikana na kila mtu. Turubai mpya ya kuchorea sikuwa nayo na papara ilikuwa imenishika, kwa hiyo nikaichukua ile ya kijivu na njano, nikapaka juu yake maji ya buluu, mchanga na minazi miwili. Ilinichukua siku mbili, na sikuona haya hata kidogo.

Baba aliitazama kwa adabu.

"Hii umenunua wapi?"

"Nimeichora mimi, Baba."

"Iko smart. Iko kama ya kalenda." Akapumua kidogo. "Na ile yangu?"

"Gani?"

"Ile ya asubuhi. Hiyo ndiyo nilikuwa nataka uniletee. Hapa ni ukuta tu naangalia."

Nilimwambia iko nyumbani. Uongo ulinitoka haraka mno, na njia nzima ya kurudi, ile ya minazi ikiwa kwapani, nilijichukia. Nilijaribu kuikwangua rangi ya juu, ikatoka pamoja na ya chini. Nikaanza nyingine kwa kukumbuka, asubuhi tatu mfululizo, mlango wazi, nikilia kwa hasira na mtu wa kumkasirikia ni mimi mwenyewe.

Nilipoipeleka, muuguzi alimwinua Baba kwa mito miwili ili aione vizuri. Aliitazama muda mrefu zaidi kuliko ile ya minazi.

"Hii si ile," alisema.

Nikamwambia ukweli wote: kwamba ile niliifunika kwa mkono wangu, kwamba nilidhani haikumhusu, kwamba miaka yote hiyo sikuwahi kumsikia akiisifu picha yangu yoyote, nami nilikuwa nikingoja.

Hakukasirika. Alinishika kidole kimoja, kwa sababu mkono mzima ulikuwa unamshinda.

"Si ungeniuliza tu," alisema. "Nilikuwa nakaa hapo kila siku."