Machozi ya Bingwa wa Briji

Wapenzi wa karata mnaombwa kusimama kwa heshima: bingwa wetu wa briji, mama anayeishi kwa karata tangu mimi nikiwa nanyonya, jana alilia mezani. Siku zote uso wake huwa kama kabati lililofungwa. Hupanga karata zake kumi na tatu, hunyoosha kitambaa cha meza kwa kiganja, kisha hucheza. Jana kwenye fainali ilikuwa zamu yake kuzianika karata zake wazi na kumwachia mwenzake wa timu, shemeji yake, acheze peke yake. Kanuni inamkataza kusema, kukonyeza, hata kuguna. Shemeji akakwama kati ya karata mbili, akimkodolea macho. Bingwa akaziba mdomo kwa leso, shingo ikamvimba, machozi yakatiririka. Shemeji akatupa karata isiyofaa, na kombe likaenda zake.

Mlangoni shemeji alikuwa bado ananung'unika. "Hata ishara ndogo, shemeji?"

Bingwa alimtazama kama sufuria iliyoungua. Mwandishi wa gazeti akasogea kwa adabu. "Mama, yale machozi ni uchungu wa kuukosa ubingwa?"

"Kikohozi, mwanangu. Ningekohoa, huyu angedhani namwambia kitu."