Alama za Somo Moja

Somo lililonizuia kuhitimu lilikuwa moja tu, la upimaji na tathmini. Kwenye mtandao wa chuo masomo yangu mengine yote yalikuwa na alama. Hili lilikuwa na kistari.

Nilikuwa nimesomea ualimu katika chuo kimoja Bungoma, na mtihani ule niliufanya. Nilikaa karibu na dirisha lisilofungika, mvua ikanilowesha karatasi. Lakini mhadhiri wetu alikuwa ameondoka nchini bila kuwasilisha alama. Wenzangu walipata zao mmoja mmoja, mimi nikabaki.

Kila baada ya wiki chache nilitoka kwetu, kijijini Kwanza, nikapitia Kitale hadi Bungoma. Idara ilinituma kwa ofisi ya mitihani, ofisi ya mitihani ikanirudisha kwa idara.

“Si nilikuambia, madam? Faili haijaludi,” karani alisema, bila ubaya. Siku moja aliniachia hata kiti chake nipumzike.

Mwaka wa pili wa kungoja, shule jirani ilitaka mwalimu wa Kiswahili. Mwalimu mkuu aliniomba cheti. Nilimpa kadi yangu ya mtihani, akaitazama pande zote mbili, akanirudishia.

Baba ndiye aliyesema twende kwa wakili. Yeye ni mkulima wa mahindi, hakuwa ameingia mahakamani hata siku moja, lakini alisikia redioni kwamba Katiba inampa kila mtu haki ya kushughulikiwa bila kucheleweshwa. Wakili tuliyempata Kitale, mama mmoja mwenye sauti ya chini, alikubali kwamba haki hiyo ipo.

“Tutaandikia chuo barua ya madai,” alisema. “Wakinyamaza, tutaomba Mahakama Kuu iwaamuru watoe matokeo. Lakini ulikata rufaa kwa kamati ya seneti ya chuo?”

“Sikujua kuna kamati, wakili.”

“Hakuna aliyekuambia?”

“Hakuna.”

Akaandika kitu kwenye karatasi yake, akakipigia mstari.

Chuo hakikujibu, tukaenda mahakamani. Siku ya uamuzi baba alivaa koti lake la kanisani. Alikuwa amemwambia mama kwamba jioni tutarudi na alama.

Jaji alisoma kwa dakika chache tu. Alisema yaliyonipata yanasikitisha, lakini sheria inataka mtu amalize kwanza njia zilizo ndani ya chuo, na mimi sikuzimaliza. Ombi likatupwa.

Baba aliniinamia. “Amesema nini?”

“Amesema turudi chuoni.”

“Kwa hao hao?”

“Kwa hao hao, baba.”

Hakusimama. Alibaki ameketi, mikono magotini, mpaka watu wa kesi iliyofuata walipomwomba benchi. Nilitamani anigombeze, nipate cha kujibu.

Nilipeleka rufaa kwa kamati. Nikajibiwa kwamba nitaarifiwa itakapokutana. Mwezi ukapita, na mwingine, haikukutana. Wakili akasema tunaweza kurudi kwa jaji, au tulalamike kwa ofisi ya serikali inayosikiliza wananchi waliocheleweshwa na taasisi za umma. Baba hakutaka tena kusikia habari ya jaji, kwa hiyo tukalalamika. Ofisi hiyo iliandikia chuo, nakala ikanifikia. Niliisoma mara nyingi kwa sababu ilikuwa na jina langu na neno “haraka”.

Kisha kimya. Asubuhi moja, miezi mingi baadaye, nilikuwa nyuma ya nyumba nikipukuchua mahindi na mama. Nikafungua simu nilivyozoea. Kistari hakikuwepo. Palikuwa na C.

Hakuna aliyekuwa amenipigia wala kuniandikia. Mpaka leo sijui kama makaratasi yangu yalipatikana yakasahihishwa, au mtu fulani alichoka kuona jina langu akaweka herufi. Mama alipiga vigelegele. Mimi nilikaa tu na gunzi mkononi.

Nilihitimu, lakini ile nafasi ya shule jirani ilikuwa imepata mwenyewe zamani. Wakili aliponipigia kunipongeza, alinieleza kwamba nina haki ya kudai nionyeshwe makaratasi yenyewe. Nilimshukuru, nikamwambia tuache. Niliogopa kwamba wakiyatafuta na kuyakosa, hata hiyo C wataiondoa.