Jaribio la Mapacha Nililolinyamazisha

Kosa ni langu. Naanza hapo ili usipoteze muda kutafuta mwingine wa kulaumiwa, kama nilivyofanya mimi. Na usiniambie pole. Nimeshaambiwa pole na watu wasiojua nilichofanya, na kila pole ilinikera kuliko tusi.

Mimi ni fundi wa programu za kompyuta hapa Lubumbashi. Ofisi yetu ni vyumba viwili juu ya duka la vipuri. Tunatengeneza programu ya faili za wagonjwa, inayotumika katika vituo vya afya vya mjini. Nitakueleza kazi yenyewe, maana ukiisikia juujuu utadhani nimefanya jambo dogo.

Ofisini tuna kitu tunachokiita mnyororo. Fundi akibadilisha programu, haipeleki vituoni kwa mkono wake. Anaitia kwenye mnyororo. Mashine inaiunganisha, inaipitisha kwenye majaribio moja baada ya jingine, na yote yakipita taa inakuwa kijani, na programu mpya inakwenda yenyewe hadi vituoni. Jaribio moja likianguka, taa inakuwa nyekundu na kila kitu kinasimama. Ni kama mlinzi wa getini asiyejua undugu wala urafiki.

Jaribio mojawapo aliliandika Yaya Nadège, mkubwa wangu kazini; yaya kwetu ni dada mkubwa. Alilipa jina "Kyungu na Kabange". Huku kwetu, kwa Baluba, mapacha hawatafutiwi majina. Wa kwanza ni Kyungu, wa pili ni Kabange, wamekuja na majina yao. Yaya Nadège kwao wapo mapacha, na shuleni walikuwa wakichanganywa kila mwaka. Ndiyo maana jaribio lake lilifanya jambo moja tu. Liliipa programu watoto wawili wenye siku moja ya kuzaliwa, mama mmoja na namba moja ya simu, kisha likauliza: hawa ni wangapi? Programu ikijibu "mmoja", taa nyekundu.

Lakini jaribio lile lilikuwa na kasoro. Lilitegemea mtandao. Umeme ukikatika na mtandao ukayumba, lilianguka bila sababu. Tukalizoea. Likianguka tunabonyeza tena, linapita, tunaendelea na kazi.

Yaya Nadège alilalamika. "Tuitengeneze hii test," alisema. "Bantu batazoea nyekundu. Siku moya itasema kweli, na hakuna mwenye ataamini."

Tulimwitikia "ndiyo, yaya" kisha hatukufanya lolote. Mimi nilikuwa wa kwanza kutofanya lolote.

Basi Ijumaa moja nikamaliza kazi mpya niliyokuwa nikijivunia: kuunganisha faili zilizojirudia. Hapa mtu ana majina matatu, leo anaandikwa hivi, kesho vile, na mgonjwa mmoja anajikuta na faili nne. Nikaiambia programu isijali sana majina. Iangalie siku ya kuzaliwa, mama na simu. Vikilingana, ifanye faili moja.

Umeshaona kosa? Mimi sikuliona. Mgeni aliyefika jana angesamehewa. Mimi nimezaliwa hapa, nimesoma na akina Kyungu watano, na sikuliona!

Yaya Nadège alikuwa Lukafu, mbali na mji, kwenye kilio cha mjomba wake. Mimi saa sita nilitakiwa kuwa Luano, uwanja wa ndege, kumpokea shemeji yangu aliyekuwa anarudi kutoka Ulaya. Nilikuwa nimeshaosha gari. Nikaitia kazi yangu kwenye mnyororo. Nyekundu: Kyungu na Kabange. Nikabonyeza tena. Nyekundu. Mara ya tatu, nyekundu.

Nikajisemea, ni mtandao tu. Umeme haukuwa umekatika asubuhi yote. Feni ilikuwa inazunguka juu ya kichwa changu. Lakini nilitaka uwe mtandao, basi ukawa mtandao.

Nikafungua faili la maagizo ya mnyororo, nikaongeza mstari mmoja: jaribio hili hata likianguka, endelea. Kanuni yetu ilisema faili lile haliguswi mpaka mtu wa pili asome mabadiliko. Mimi nilikuwa na ruhusa ya kupita peke yangu, mwenye kampuni alinipa kwa sababu sichelewi kazi. Nikaitumia. Taa ikawa kijani, programu ikaenda vituoni, nami nikashika njia ya Luano. Ndege yenyewe ilichelewa saa mbili. Nilikaa pale nakunywa soda.

Nilijiahidi kuuondoa mstari ule Jumatatu. Sitakudanganya kwamba nilisahau. Jumatatu niliuona, nikaona na kijani, nikakipenda kijani, nikauacha.

Sasa sikia ulikofika. Ruashi, mtaa wa hapa mjini, kuna mama mmoja, Mama Mapasa, kila mtu anamwita hivyo kwa ajili ya mabinti zake mapacha wa miaka sita. Kyungu mzima kabisa. Kabange ana SS, yaani selimundu, ule ugonjwa wa damu unaouma mifupa. Kituoni faili lake lilikuwa na alama ya hatari, kila muuguzi akilifungua anajua huyu akipata homa harudishwi nyumbani. Programu yangu ikawaangalia: siku moja, mama mmoja, simu moja. Ikasema ni mtoto mmoja aliyeandikwa mara mbili. Ikabakiza faili la Kyungu, ikafuta la Kabange. Sikuwa hata nimeweka njia ya kulirudisha.

Kabange akashikwa na homa. Mama yake alikuwa safarini, akapelekwa na bibi yake, Kambo kama tunavyosema hapa. Muuguzi wa zamu alikuwa Mama Odile, mtu wa miaka mingi kwenye kazi ile. Alikuja kunisimulia mwenyewe.

Kambo alimwambia, "Huyu njo ule wa mifupa," yaani ndiye yule mgonjwa.

Mama Odile akaangalia kwenye mashine. Akatafuta kwa simu ya mama, akakuta faili moja tu, na kipimo cha damu kisicho na tatizo. "Hapana, Kambo. Examen iko hapa. Damu yake iko muzuri."

"Miye najua mutoto wangu."

"Kambo, mashine inajua."

Na nani alimfundisha maneno hayo? Mimi. Nilisimama mbele ya wauguzi wa kituo kile na fulana ya kampuni, nikawaambia watupe madaftari. Nilisema karatasi inapotea, mashine haisahau. Wakanipigia makofi.

Kabange alipewa dawa ya malaria, akarudi nyumbani. Baada ya siku mbili alirudishwa akiwa hasemi, upande wa kulia umepooza. Damu ilikuwa imeziba mshipa kichwani. Aliishi. Maneno yalirudi polepole. Mkono haukurudi.

Kituo kikatuandikia kuuliza kama programu ilikosea. Mwenye kampuni akanipa mimi niandike ripoti, kwa kuwa ndimi niliyeijua zaidi. Ndugu yangu, nilijua baada ya dakika kumi. Niliuona mstari wangu, niliona faili lililofutwa, nilielewa yote. Nikauondoa mstari. Nikazuia kuunganisha. Kisha nikaandika kwamba mfumo hauna kasoro, inaelekea muuguzi alifungua faili la mtoto mwingine.

Mama Odile akafukuzwa kwa sentensi yangu.

Laiti ningekuambia dhamiri ilinisukuma. Haikunisukuma! Nilikula, nilienda misa, nilicheka na shemeji. Aliyenikamata ni Yaya Nadège. Aliporudi kutoka kwenye kilio, kilichochukua wiki kadhaa, alisikia habari ya mapacha, akatilia shaka, akafungua kumbukumbu za mnyororo. Kila badiliko limeandikwa humo, nani alilitia na saa ngapi. Nilikuwa nimeuondoa mstari, nikadhani nimeondoa na alama ya kidole.

Akaja mezani kwangu, akageuza kompyuta yake nione.

"Jina yako iko hapa. Njo weye uliiweka, njo weye uliitosha, ukaifuta."

Nikaanza kueleza mambo ya mtandao. Akainua mkono ninyamaze.

"Miye nilienda kulia mufu wa kwetu, weye ukafunga test yangu kinywa. Hiyo ni moya. Lakini ule mama mwenye ulisingizia? Iko na batoto, yeye pia. Utasema weye, ao nitasema miye. Nakupa leo tu."

Nilisema mimi. Nilisema kwa sababu angesema yeye, uandike hivyo hivyo moyoni mwako na usiniite jasiri. Kazi nilipoteza siku ile, na kwa kweli nilistahili zaidi ya hapo. Kituo kikamwita Mama Odile arudi. Alikataa.

Nikaenda kwake Ruashi kuomba msamaha. Alinipa kiti, akanisikiliza hadi mwisho bila kunikatiza. Kisha akasema:

"Kunitosha ku kazi, ile nitakusamehe, nitapata ingine. Lakini Kambo aliniambia mara mbili, na miye nikamubishia. Maisha yangu yote sikubishaka na muntu mwenye kujua mutoto wake. Yale maneno ulinitia weye mu kinywa, na miye niko nayasikia kila siku."

Nikainuka kuaga.

"Sasa unakuja kwangu juu ya nini?" akaniuliza. "Nenda kwa mwenye mutoto. Nitakuonyesha parcelle yake, nyumba yenye mulango ya bleu."

Nilitamani kurudi nyumbani. Alinisindikiza hadi mtaa wao, akasimama akinitazama mpaka nikapiga hodi kwenye ule mlango wa buluu.

Mama Mapasa alikuwa anafua. Nikamwambia mimi ni nani na nilifanya nini, kila kitu, hata Luano na soda. Hakulia, hakunitukana. Ningependa anitukane. Alijifuta mikono kwenye kitenge, akaita watoto wake waliokuwa wanacheza nyuma ya nyumba.

"Kyungu, Kabange, mukuye. Musalimie papa."

Wakaja, wamevaa sare moja, wamesukwa sawa. Wa kwanza akanipa mkono wa kulia, akapiga goti kidogo. Wa pili akanipa wa kushoto. Huku kwetu mtoto akimpa mkubwa mkono wa kushoto anakemewa papo hapo, na hawa wamelelewa vizuri, ilionekana. Nilimwangalia mama yake. Hakumkemea. Aliniangalia mimi tu, akingoja kuona kama nitaupokea.

Niliupokea. Ulikuwa na mchanga, alikuwa anacheza.

Wewe fundi unayesoma haya, najua unao mstari kama ule wangu. Kuna jaribio mlilolizoea kuanguka, mmeliambia linyamaze kwa muda, na muda umekuwa miezi. Kuna ruhusa uliyopewa kupita peke yako kwa sababu una haraka na unaaminika. Jaribio lenye kasoro litengenezwe au lifutwe mbele ya wote, lisizibwe mdomo. Faili la maagizo asiliguse mtu mmoja, hasa akiwa ni wewe. Usifute kitu usichoweza kukirudisha. Na taa ikiwa nyekundu, ndege ya shemeji itue bila wewe.

Usinijibu kwamba programu yako si ya hospitali. Hata mimi siku ile sikuwa nafikiria hospitali, nilikuwa nafikiria gari nililoosha. Nenda kautoe huo mstari sasa hivi, halafu umwambie mwenzako kwamba uliuweka wewe.