Mzee wa Getini na Picha Iliyoganda

Siku hizi kila geti la Kisumu lina kamera, na Milka hupita mbele yake bila hata kuamkuliwa. Hapo humkumbuka mzee Zadock Ouma, bawabu wa kiwanda cha samaki ambako Milka alikuwa karani. Zadock alijua jina la kila aliyeingia, na Milka hutamani zile asubuhi zirudi.

Mwaka wa tisini na tisa meneja, Bwana Waweru, alileta kamera ya kwanza. Waya ulitoka getini hadi kwenye kompyuta ya Milka, na wafanyakazi wakamiminika ofisini kuona geti bila kutoka nje. Fundi alieleza mambo chungu nzima, mbio mbio, kwa sababu alikuwa na ndege ya kuwahi. Alipoondoka, wao wakaitazama kama televisheni.

Asubuhi moja Waweru alisimama nyuma ya Milka. Kwenye kioo, Zadock alikuwa kitini, kichwa kimeinama, macho kafumba. Meneja akaenda zake, akarudi baada ya nusu saa. Mzee vile vile.

"Amelala fofofo! Andika barua. Aende nyumbani leo."

Moyo ulimuuma Milka. Mzee alibakiza miaka miwili tu astaafu. Lakini angemtetea vipi, na amemwona kwa macho yake mwenyewe? Akatia karatasi kwenye mashine ya kuchapia, akachapa.

Barua haijaisha, mlango ukabishwa.

"Bwana meneja, lori ya barafu imefika," alisema Zadock. "Nimeachia Wakoli geti."

Waweru akamtazama mzee, kisha kioo. Huko getini Zadock bado alikuwa kitini! Ndipo Milka alipokumbuka neno la fundi: picha mpya haiji mpaka ubonyeze kitufe. Akabonyeza. Kwenye kiti sasa alikaa Wakoli, dereva.

"Hata hivyo ulilala," Waweru aling'ang'ana. "Nimekuona kwenye kioo, umefumba macho."

Zadock akacheka. "Hiyo si usingizi, Bwana. Watu wakishaingia wote, nafunga macho naombea wao, mmoja mmoja. Leo nimefika hadi kwako."

"Kwangu? Unasema nini?"

"Nasema, Mungu, chunga Waweru wa Waithira, na huyo mama yake apone."

Waweru aliichomoa barua kwenye mashine, akaichana. Jina la mama yake alilitaja mara moja tu, pale getini, miezi mitatu nyuma.

"Anaendelea aje?" mzee aliuliza.

"Tulimzika Jumamosi."

Milka ndiye aliyemwandikia Waweru ruhusa ya kusafiri Jumamosi hiyo, na hakuwa amemuuliza anakwenda wapi.