Yai la Joka

Mama yangu alikuwa mkata tiketi kwenye mlango wa sinema, na kwa mtu asiyekiamini hata kivuli chake, kazi ilimkaa sawasawa. Kila tiketi aliigeuza pande mbili kama noti ya bandia. Ilipokuja filamu ya majoka aliichungulia mara thelathini na moja, akaijua nje ndani.

Jumapili moja baba, fundi magari asiye na maneno mengi, akatusimulia watoto filamu hiyo mezani. Akafika pale joka jike linapozika yai lake mlimani, na malkia analisaidia kuchimba. Mama akaweka kijiko chini. Katika filamu aliyoijua yeye hapakuwa na yai wala malkia mwenye jembe.

Kesho yake akambana mwendesha mashine ya picha. Huyo akamweleza kuwa filamu za namna hiyo hutoka mara mbili. Ya sinema hukatwa ili watu wasichoke kukaa. Baadaye hutoka ndefu, kwenye diski, imerudishiwa vipande vyake vyote, karibu saa nne nzima. Hiyo watu huiangalia majumbani.

Nyumbani kwa nani? Sisi hatukuwa na mashine ya diski, na kila Jumamosi mchana baba alikuwa gereji, au ndivyo alivyosema. Mama akaanza kunusa mashati. Moja lilinuka dawa ya kuchua. Dalili ya mvua ni mawingu, akasema, kuna mwanamke anamchua, na ana mbinu. Ijumaa akashusha sanduku lake kutoka juu ya kabati. Niliogopa sana: ndoa ya wazazi wangu ilikuwa inavunjika kwa sababu ya yai.

Jumamosi baba aliporudi, alimkuta mama mlangoni.

"Baba watoto, hiyo filamu ndefu unaiangalia kwa nani?"

Baba akavua viatu kwanza. "Kwa mama yako."

Bibi ndiye aliyemkataa baba mbele za watu, eti mwanawe haolewi na mikono ya grisi. Mama akaapa hatakanyaga kwake, na mwaka wa tisa huo hajakanyaga. Kumbe miguu imemgomea bibi, na ni baba anayempelekea dawa. Bibi akamwomba filamu iliyoonyeshwa kazini kwa bintiye. Muuza diski akampa hiyo ndefu, wakawa wanaiangalia kidogo kidogo.

Mama bado hakuamini. "Ananisema nini huko?"

"Hakusemi. Aliniuliza tu kama hapo mlangoni wamekupa kiti."

Mama alilia mbele yetu bila kujificha. Jumamosi iliyofuata aliomba ruhusa kazini.