Uji wa Bibi

Kila nikisikia harufu ya uji wa mchele, narudi jikoni kwa bibi wa Kikorea ambaye mama yangu aliajiriwa kumtunza kule Springfield. Jioni moja bintiye alituwekea sinema ya zamani ya kwao, ambamo mfanyakazi wa nyumbani anaitilia familia sumu ya panya chakulani. Kesho yake huyo binti alimsogezea mama bakuli la uji aliompikia bibi, akamwambia, “Onja wewe kwanza.”

Mama alivua aproni, akaitupa mezani.

“Vaa koti twende,” akaniambia. “Mimi si yule wa kwenye sinema.”

Tulikuwa mlangoni bibi alipolivuta bakuli, akala, akalamba mpaka kijiko.

Hadi leo, mtu akikitilia shaka chakula changu, namwonyesha lilipo koti lake, avae aende zake.