Komba Mwenye Viatu

Jambo hili nimelificha miaka mingi, lakini leo acha niliseme tu, maana waliokuwepo bado wapo na najua hawajaacha kunicheka. Katikati ya miaka ya hamsini nilikuwa karani Mbeya, nikamchukua mke wangu tukaenda kula Krismasi kwao Kihesa, kule Iringa. Baba mkwe alikuwa mzee wa kanisa, na alinipa binti yake kwa sababu moja kubwa: nilimwapia kwamba pombe sijawahi hata kuionja (uongo mtupu, Mungu anisamehe).

Asubuhi ya sikukuu nikatoka kunyoosha miguu, nikapita kwenye mianzi ya jirani yao mjane, Mama Yusta. Ulikuwa msimu wa ulanzi, ile pombe ya utomvu wa mianzi, mbeta za kuukingia zimefungwa kwenye kila mwanzi uliokatwa, zimejaa, zinatoa povu, na mimi siku ya nne nashinda na chai kwa kujifanya mtakatifu, basi nikasema nionje kidogo tu, nikaonja, nikahamia mbeta ya pili, kuja kushtuka nimekausha mpaka ya mwisho. Nikatafuna majani ya mpera kuua harufu, nikaenda kanisani kukaa mbele na wakwe.

Wakati wa matangazo Mama Yusta akasimama.

"Ndugu zangu, komba wananimalizia ulanzi, kwa hiyo jana nikatia sumu ya panya kwenye mbeta ya mwisho. Leo naikuta tupu. Komba aliyekufa simwoni, ila naona alama za viatu. Mimi simtafuti mwizi. Nataka tu anywe maziwa kabla hajafa."

Ibadani siku ile wenye viatu tulikuwa wawili, mchungaji na mimi. Nikamtazama mke wangu, nikaona nikinyamaza namwacha mjane. Nikasimama nikasema ni mimi, huku nalia kama mtoto. Wakanibeba nje, wakaninywesha maziwa kibuyu kizima, nikatapika kando ya ukuta wa kanisa nikiwa ndani ya suti yangu, waumini wote wanatazama. Nilipomaliza ndipo Mama Yusta akasema sumu hakuweka, hata hana, alitaka tu kumjua komba wake.

Baba mkwe hakunigombeza, na heri angenigombeza. Alinifuta mdomo kwa leso yake, akasema taratibu, "Mwanangu, ndani kuna debe la ulanzi la sikukuu. Tulilificha tusije tukakukwaza."

Tangu siku ile sijaonja tena, safari hii kweli. Lakini wanangu kila wakienda Kihesa wanaulizwa kama komba hajambo, nao wananiletea salamu hizo, na mimi nazipokea.